Mpini wa jembe ulinganishwe na kimo cha mtumiaji

WAHENGA walisema kuwa mchagua jembe si mkulima. Methali hiyo humkemea mvivu anayesingizia zana ili akwepe kazi, lakini imewafanya wengi waamini kwamba jembe lolote humfaa mtu yeyote. Sivyo. Mabamba ya jembe hutoka viwandani yakiwa ya vipimo vichache tu, ilhali watu hutofautiana kwa kimo, ukubwa wa kiganja na nguvu za mwili. Sehemu ambayo mtumiaji anaweza kuilinganisha na mwili wake kwa urahisi ni mpini.

Aghalabu, majembe ya nyumbani hutumiwa na wote: baba, mama, kijana na hata nyanya. Mpini uliokatwa kwa kipimo cha mmoja huweza kumtesa mwingine. Wanaoumia zaidi ni wanawake, ambao katika familia nyingi ndio hufanya sehemu kubwa ya palizi, kazi inayomweka mtu ameinama kwa saa nyingi.

Madhara ya mpini mfupi yaliwahi kuzua kesi nchini Marekani. Katika jimbo la California, vibarua wa mashamba ya mboga walitakiwa kupalilia kwa jembe la mpini mfupi mno, lililowalazimu kupinda mgongo kutwa nzima. Wengi walipata maumivu ya kudumu. Mwaka wa 1975, kufuatia uamuzi wa Mahakama ya Juu ya jimbo hilo, matumizi ya jembe hilo yalipigwa marufuku.

Urefu

Urefu wa mpini hutegemea mtumiaji pamoja na kazi yenyewe. Jembe zito la kulimia huinuliwa na kushushwa kwa nguvu; mpini wake ukiwa mrefu kupita kiasi, bamba huwa zito mikononi na hukosa shabaha. Kipimo cha kuanzia ni kuusimamisha mpini kando ya mguu: ncha yake ifike baina ya nyonga na kitovu cha mtumiaji. Jembe jepesi la palizi halihitaji kuinuliwa juu, hivyo mpini wake waweza kufika kifuani ili mpaliliaji asimame karibu wima.

Ni heri kuukata mpini ukiwa na ziada ya shubiri moja, kuujaribu shambani kwa siku chache, kisha kuupunguza kidogo kidogo. Mti uliokatwa haurefuki tena.

Unene

Mpini mwembamba mno humlazimu mtumiaji kuukaza mkono kupita kiasi, na mnene mno haukamatiki vyema. Hali zote mbili huchosha misuli ya mkono na kuleta malengelenge. Mtu aukamatapo mpini, kidole gumba kifike kwenye ncha ya kidole cha shahada au kuipita kidogo. Kwa watu wazima wengi, kipenyo cha sentimita 3 hadi 4 hutosha.

Kwa panga na shoka, mpini wa umbo la yai hufaa kuliko wa mviringo kamili kwa kuwa hauzunguki mkononi. Mwenye ugonjwa wa baridi yabisi, ambaye hawezi kufumbata mkono barabara, anaweza kuviringisha vipande vya mpira wa tyubu kuukuu juu ya kipini cha panga ili kukinenepesha na kuzuia utelezi.

Pembe na uzito

Pembe baina ya bamba na mpini nayo ina umuhimu wake. Bamba likielekea mno upande wa mtumiaji, humbidi ainame zaidi ili makali yaingie udongoni. Kabari iliyotiwa upande mmoja wa tundu huweza kurekebisha kasoro ndogo. Kasoro kubwa ni kazi ya mhunzi au fundi wa jua kali, ambaye hulipasha bamba moto na kulikunja upya.

Kuhusu uzito, bamba lililolika kwa miaka mingi halifai kutupwa. Huwa jepesi, na kwa hivyo huwafaa wazee na kazi ya palizi. Wanaotumia mkono wa kushoto nao wakumbuke kwamba mundu au fyekeo lililonolewa upande mmoja kwa ajili ya mkono wa kulia halikati vyema mkononi mwao. Dawa ni kunoa upande wa pili kwa tupa.

Mti na kabari

Mti wa mpini uwe mkavu, usio na vifundo, na nyuzi zake zifuate urefu wa mpini. Mpera na mkaratusi ni miongoni mwa miti inayotumika. Mti mbichi husinyaa unapokauka, tundu likalegea na bamba likachomoka kazini, hatari kwa aliye karibu. Kulowesha jembe majini hukaza mpini kwa muda mfupi tu. Ukikauka hulegea tena.

Katika jembe la tundu, ncha nyembamba ya mpini hutangulia kupenyezwa hadi kichwa kinene kikwame. Hivyo, kila jembe linaporushwa, bamba hujikaza. Mpini ulainishwe kwa msasa au kigae cha chupa, kisha upakwe mafuta badala ya rangi ya kung'arisha, ambayo huteleza mkono unapotoka jasho.

Nchini Kenya, jambo hili si la hiari kwa anayeajiri. Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya mwaka wa 2007 humtaka mwajiri achukue hatua kuhakikisha kuwa vifaa na kazi vinalingana na mfanyakazi na uwezo wake. Mwenye shamba anayewagawia vibarua wake majembe asubuhi anapaswa basi kuwa na mipini ya urefu tofauti, na kumwacha kila mmoja achague unaomfaa.