Mlango wa Kurejea

Kila sifa njema anastahiki Mwenyezi Mungu, Mwenye kupokea toba. Rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na Masahaba wake. Amma baad.

Ndugu Waislamu wa Lupaso, nanyi mnaotusikiliza Masasi, Newala na kwingineko! Tangu Oktoba 2017 vita vya Cabo Delgado vimekuwa jirani yetu, ng'ambo ya Ruvuma. Oktoba 2020 vilivuka mto hata Kitaya. Watu wakauawa na nyumba zikachomwa. Wamo vijana wa Kitanzania waliodanganywa kwa jina la dini wakaingia vitani humo. Siku mmoja wao atakapoweka silaha chini na kubisha hodi kwa mama yake, sisi majirani tutamfanyaje?

Tuitazame historia. Mwaka 37 wa Hijra, Makhawariji walimwasi Sayyidna Ali (R.A.) wakapiga kambi Harura, karibu na Kufa. Walikuwa watu wa kusali sana, vipaji vyao vimesuguliwa na sijida, lakini waliwahukumu Waislamu wenzao kuwa makafiri. Abdallah bin Abbas, bingwa wa sheria, akawaendea bila ya upanga. Hakuanza kwa kuwalaumu. Aliwauliza wanalalamikia nini. Wakataja mambo matatu. La kwanza, kwamba Ali amewaachia watu kuhukumu jambo la Mungu. Akawaonesha kuwa Qurani yenyewe imeagiza waamuzi baina ya mume na mke wanaogombana. Akajibu hoja moja baada ya moja, na kila mara akiwauliza kama wameridhika. Kwa riwaya mashuhuri, watu 2,000 walirejea. Waliokataa, wengi wao waliangamia Nahrawan mwaka uliofuata.

Na karne yetu hii ina mfano wake. Uganda iliteswa na waasi wengi, wakiwamo ADF waliojivika joho la Uislamu. Mwezi Juni 1998, huko Kichwamba, waliwateketeza wanafunzi kwa moto wakiwa mabwenini mwao. Hata hivyo, mwaka 2000 Bunge la nchi hiyo lilipitisha Sheria ya Msamaha. Miongoni mwa walioipigania ni viongozi wa dini wa Acholi, maaskofu pamoja na Kadhi wao, Sheikh Musa Khalil, ingawa watu wao ndio walioumizwa mno na vita.

Mwanasheria, Jaji Peter Onega, akaiongoza Tume ya Msamaha. Mpiganaji aliripoti kwa askari, kwa hakimu, au hata kwa kiongozi wa dini wa mahali pake; akaukana uasi na kusalimisha silaha. Tume ikampa hati ya msamaha, na pamoja nayo godoro, blanketi, sufuria, jembe, mbegu na fedha kidogo za kuanzia maisha. Zaidi ya watu 26,000 walipata hati hizo, na baadhi yao walitoka ADF.

Lakini msamaha si kufuta haki ya aliyedhulumiwa. Thomas Kwoyelo, kamanda wa waasi wa LRA, aliomba hati hiyo. Mahakama ya Juu ikaamua mwaka 2015 kwamba ukatili dhidi ya raia wasio na silaha hauingii katika msamaha. Mwaka 2024 alihukumiwa kifungo cha miaka 40.

Enyi waja wa Mwenyezi Mungu! Hati ya jaji humfikisha mtu kizingitini. Kumkaribisha ndani ni kazi yetu. Akija kwenu aliyetubu, msimfiche wala msimpige. Mpelekeni kwenye vyombo vya sheria, mtafutieni wakili, mfundisheni dini sahihi, naye akishamalizana na sheria mpeni shamba alime. Wala msiisahau nyumba ya aliyeuawa. Nayo ina haki juu yenu. Kijana aliyefungiwa mlango na mama yake, aliyemdanganya jana yu tayari kumfungulia wake.

Ewe Mola, wapokee wanaotubu, uwafariji waliofiwa, na uifanye Ruvuma kuwa mto wa amani. Amin.