Filamu za Mapenzi katika Mwambao wa Mweru

Nchelenge, mji wa Mkoa wa Luapula nchini Zambia, umeelekeana na Kongo ng'ambo ya Ziwa Mweru, ambako Kiswahili cha Katanga husemwa. Kwa hiyo mwenye kuzitafiti filamu za mahaba mahali hapo hana budi kutazama pande mbili: filamu za Kiswahili kutoka Tanzania na tamthilia za Zambia yenyewe. Za Tanzania, ambazo nyota wake mashuhuri alikuwa Steven Kanumba (1984–2012), humsawiri mchumba mwenye sura jamili, mali na maneno laini, kisha humwonyesha mwanamume aliyesalitiwa akilia waziwazi, faraja ambayo ada zetu humnyima, na hiyo ndiyo fadhila kubwa ya filamu hizo. Tamthilia ya Zambia iitwayo Mpali, iliyoanza 2018, haina mchumba kamili: humo yumo Nguzu, mkulima tajiri, na wake zake wengi, ambao huba yao imechanganyika na husuda na tamaa ya mali. Hii ya pili ina insafu zaidi, kwani mwambaoni, ambako uvuvi hufungwa kila mwaka tangu Desemba hadi mwisho wa Februari, mapenzi hayatengani na riziki.