Saido Berahino: Mrundi aliyeitwa England, kisha mambo yakaharibika

Wanaofuatilia Ligi Kuu ya England tangu enzi za West Brom watalikumbuka jina la Saido Berahino. Kuna kipindi dogo huyu alikuwa anatajwa sambamba na Harry Kane.

Berahino alizaliwa Bujumbura, Burundi, mwaka 1993. Baba yake aliuawa kwenye vita ya wenyewe kwa wenyewe, na akiwa na miaka 10 alifika England kama mkimbizi, akaungana na mama yake jijini Birmingham. West Brom wakamchukua kwenye akademi yao. Mwaka 2010 alikuwemo kwenye kikosi cha England kilichobeba Euro ya vijana chini ya miaka 17.

Septemba 2013 aliwafunga Manchester United bao la ushindi pale Old Trafford, West Brom wakishinda 2-1. Msimu wa 2014/15 akatupia mabao 20 kwenye mashindano yote. Novemba 2014 kocha Roy Hodgson akamwita timu ya taifa ya England, ila hakuingia uwanjani.

Hapo ndipo palipokuwa kilele chake. Tottenham walimtaka kiangazi cha 2015, West Brom wakagoma kuuza. Siku dirisha linafungwa, Berahino akaandika Twitter kwamba hatacheza tena chini ya mwenyekiti Jeremy Peace. Hasira za kijana wa miaka 22, na zilimgharimu.

Alibaki, lakini hakuwa yule yule. Aprili 2016 alikosa penalti mbili kwenye mechi moja dhidi ya Watford. Baadaye FA ikamfungia wiki 8 kwa kutumia dawa za kulevya, adhabu ambayo mashabiki walikuja kuijua Februari 2017, wakati tayari ameshahamia Stoke City kwa pauni milioni 12.

Stoke ndiko kulikomaliza kila kitu. Alikaa siku 913 bila kufunga bao kwenye klabu, hadi Agosti 2018 alipowafunga Huddersfield kwenye Kombe la Carabao. Hiyo ni zaidi ya misimu miwili kwa mshambuliaji! Mei 2019 mahakama ikamtoza faini ya pauni 75,000 na kumzuia kuendesha gari miezi 30 kwa kosa la kuendesha akiwa amelewa. Klabu ikavunja mkataba.

Nyumbani, hata hivyo, walimpokea. Septemba 2018 alifunga mechi yake ya kwanza akiwa na Burundi, sare ya 1-1 na Gabon, na mwaka 2019 akawa nahodha wa Intamba kwenye AFCON yao ya kwanza kabisa, kule Misri. Walipoteza mechi zote tatu. Miezi michache baadaye Taifa Stars wakawatoa Warundi kwa penalti Dar es Salaam, kwenye mchujo wa Kombe la Dunia.

Baada ya hapo alizunguka Ubelgiji akiwa Zulte Waregem na Charleroi, akarudi England daraja la tatu na Sheffield Wednesday, na mwaka 2022 akaenda Cyprus kuichezea AEL Limassol. Alikuwa na miaka 29 tu.