Walimu Waliobaki: Kanisa katika Historia ya Singida

Aprili 1941, meli ya abiria ya Misri iitwayo Zamzam iliondoka bandari ya Recife, Brazil, ikakata bahari kuelekea Cape Town. Ilibeba wamisionari zaidi ya 100 pamoja na familia zao. Miongoni mwao walikuwamo Walutheri wa Kanisa la Augustana la Marekani, waliokuwa wakienda Tanganyika. Lillian Danielson alikuwamo na watoto wake sita. Mumewe, Elmer, alikuwa ametangulia.

Alfajiri ya tarehe 17, Atlantis, meli ya kivita ya Kijerumani iliyojificha kwa sura ya meli ya mizigo, iliipiga Zamzam kwa mizinga. Abiria waliopolewa, wakahamishiwa meli nyingine, na wiki kadhaa baadaye wakashushwa Ufaransa, nchi iliyokuwa chini ya majeshi ya Hitler. Mama Danielson na wanawe wakarudi Marekani.

Kisa hiki cha baharini ni cha Singida pia. Augustana ndiyo misheni iliyofanya kazi Iramba na Turu tangu miaka ya 1920, na wakati Zamzam inazama, sharika za huku zilikuwa zikisubiri watu wasiofika. Haikuwa mara ya kwanza kwao kuachwa na vita.

Wamisionari wa kwanza huku walikuwa Wajerumani wa Misheni ya Leipzig. Wakitokea kaskazini, ambako walikuwa wameshajenga Uchagga, waliingia Iramba na Isanzu miaka michache kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, wakafungua kituo cha Ruruma. Hawakukuta watu wasiomjua Mungu. Wanyaturu walimtaja Matunda, muumba wa vyote. Wanyisanzu walikuwa na watemi wao waliokuwa pia wenye mvua, na mambo ya mvua yalikwenda kwa taratibu zake katika kijiji cha Kirumi. Ngozi nyeupe nayo haikuwa imeacha sifa njema. Hadi leo Singida inamsimulia Liti, mwanamke wa Kinyaturu aliyewapiga Wajerumani kwa nyuki, na uwanja wa mpira wa mjini umepewa jina lake. Mmisionari aliyekuja na Biblia alifanana mno na yule aliyekuja na bunduki, na alihitaji mtu wa kusema kwa niaba yake kwa lugha ya nyumbani.

Mtu huyo aliitwa mwalimu. Neno hilo kanisani lina uzito ambao shule imeupunguza. Mwalimu alikuwa kijana wa hapohapo, amejifunza kusoma miaka michache tu, kisha anapewa kijiji. Anajenga darasa la miti na nyasi. Asubuhi anafundisha herufi na katekisimu, mchana analima kama jirani zake, jioni anaitwa kwa mgonjwa, na siku ya msiba yeye ndiye anayesimama kaburini. Jumapili anaongoza ibada. Mchungaji mwenye kubatiza na kugawa Chakula cha Bwana anaweza asionekane kwa miezi.

Mwaka 1920 Waingereza walipowaondoa wamisionari wa Kijerumani, Iramba ilibaki na walimu hao. Augustana ilifika Tanganyika mwaka 1922 ikaanzia Kilimanjaro. Leipzig waliporuhusiwa kurudi huko, Wamarekani wakahamishia nguvu zao Iramba, mwaka 1926. Chini ya uongozi wa miaka mingi wa George N. Anderson vituo viliongezeka: Kinampanda, Kiomboi, Iambi, na kusini zaidi Ihanja, katika Uturu. Kiomboi ikawa na hospitali. Iambi ikatunza wenye ukoma, watu ambao vijiji viliwaogopa. Kinampanda ikawa chuo cha ualimu, na naamini hakuna jengo la misheni lililobadili mkoa huu kuliko hilo. Mtoto wa mfugaji aliyeingia pale alitoka akiwa na kazi ya mshahara, na huenda akawa wa kwanza kwenye ukoo wake kushika kalamu. Chuo na hospitali ya Kiomboi baadaye vikawa vya serikali, na mgonjwa anayepanga foleni Kiomboi leo huenda hajui nani alianza.

Halafu ikaja Vita Kuu ya Pili. Wajerumani wakakamatwa tena, nchi nzima, na sharika zao kutoka Kilimanjaro na Usambara hadi Nyanda za Juu Kusini zikabaki yatima. Walioombwa kuziangalia ni hawa wa Augustana, misheni ndogo ya katikati ya nchi. Elmer Danielson alikuwa mmoja wa waliopelekwa kaskazini. Kwa hiyo ukame wa watumishi Singida ulikuwa wa pande mbili: waliokuwapo walitolewa kwenda kusaidia wengine, na waliotumwa kuziba nafasi wakachukuliwa baharini. Ralph Hult, mmoja wa abiria wa Zamzam, alisafiri tena akafika Tanganyika, na akafia katika nchi hii.

Historia ya miaka hiyo imeandikwa zaidi kwa majina ya hao waliosafiri, kwa kuwa wao ndio walioandika barua nyumbani. Walimu walioshika kazi Iramba na Turu hawakuwa na wa kumwandikia. Hilo linaniuma. Majina yao yamo katika vitabu vya ubatizo na vya ndoa, pembezoni, kama mashahidi. Sharika zenye vitabu hivyo zivitunze kabla mchwa hawajavimaliza.

Walutheri hawakuwa peke yao. Wakatoliki walijenga Makiungu, ambako masista wa Medical Missionaries of Mary kutoka Ireland walianza kazi ya tiba mwaka 1954, na Jimbo la Singida likaundwa mwaka 1972 chini ya Askofu Bernard Mabula. Upande wa Manyoni, Waanglikana walikuwa Kilimatinde, penye boma la zamani la Wajerumani.

Kanisa lilikosea pia, na hasa kwa ngoma. Kwa muda mrefu mpigo wa nyumbani ulihesabiwa upagani, na Mnyaturu aliyeokoka alitakiwa kumsifu Mungu kwa tuni za Ujerumani na Uswidi. Mmoja wa waliogeuza hali hiyo alitoka katika misheni hiyohiyo: Howard Olson, aliyechambua sarufi ya Kirimi, lugha ya Wanyaturu, kisha akakusanya nyimbo zenye tuni za Kiafrika katika kitabu Tumwimbie Bwana.

Tarehe 19 Juni 1963, makanisa saba ya Kilutheri ya Tanganyika yaliungana kuwa Kanisa la Kiinjili la Kilutheri, KKKT. La Singida lilikuwa moja kati ya hayo saba, likiwa sawa na yale ambayo watumishi wake walikuwa wametumwa kuyalea. Leo ni Dayosisi ya Kati.

Katika sharika zake, ibada ikiisha, waumini husimama nje, chini ya mti, kwa mnada. Asiye na fedha ameleta alichovuna. Mzee wa kanisa ananyanyua jogoo aliyefungwa miguu, anataja bei ya kuanzia, mtu anapandisha, mwingine anapandisha juu yake. Linafuata debe la alizeti, halafu mayai katika bakuli. Mama aliyeyaleta mayai anayanunua mwenyewe, kisha anayarudisha mezani yauzwe tena.