Ile "gharama ya mafuta" kwenye tokeni yako

Leo naweka programu kando, tuongee stima.

Juzi jioni jirani yangu hapa Gatina, fundi wa kuchomelea vyuma, aliniletea simu yake nimsomee ujumbe wa tokeni. Pesa aliyotuma imekatwa vipande: stima yenyewe, gharama ya mafuta, fedha za kigeni, kodi na vijisenti vingine. Akaniuliza, "Ndugu yangu, haya mafuta ni ya nini na tunaambiwa stima yetu ni ya mvuke wa Olkaria?"

Nikamwambia angoje kidogo. Jibu linaanzia mbali.

Baada ya uhuru Kenya iliweka karibu kila kitu kwenye mto Tana. Kindaruma ilianza mwaka 1968, Kamburu 1974, Gitaru 1978, Masinga 1981, Kiambere 1988. Kwa mtu wa kompyuta mpangilio ule unapendeza sana: maji yakitoka Masinga yanapita vituo vyote vinne vilivyo chini yake, kwa hiyo tone moja linazalisha stima mara tano. Na mtambo wa maji una ufanisi usio na mpinzani. Karibu asilimia 90 ya nguvu ya maji yanayoanguka inageuka stima. Tena ni mwepesi: fungua lango, dakika chache stima imeingia kwenye nyaya. Gharama kubwa ni ya kujenga, baada ya hapo mvua haikuletei bili.

Tatizo la mvua ni kwamba haikutumii hata barua ya kusema haitakuja.

Mwaka 2000 nilikuwa najifunza Visual Basic kwenye chuo kidogo Kawangware, kompyuta sita, wanafunzi zaidi ya ishirini. Ukame ulikuwa umeshika na zaidi ya thuluthi mbili ya stima ya nchi ilikuwa ya maji. Ukaja mgao. Mchana hakuna stima, na zamu yangu ilikuwa ya mchana. Karo nilikuwa nimelipa yote, na haikurudishwa. Mradi wangu wa mwisho niliuandika kwa kalamu kwenye daftari, mstari kwa mstari, nikaja kuupiga chapa usiku mmoja stima iliporudi. Ulikuwa na makosa 41. (Nilihesabu.) Wenzangu wawili waliacha masomo kabisa, na kinyozi wa pale chini alihama akaenda kulima kwao.

Kwa nini hatukuwa na akiba? Baada ya Turkwel mwaka 1991 wafadhili walikaza mkono, na kwa miaka kadhaa hakikujengwa kituo kipya kikubwa. Mwaka 1997 ndipo kampuni binafsi zilipoingia, Iberafrica Nairobi na Westmont Mombasa, wote wakichoma mafuta. Kipevu ya dizeli ikafuata mwaka 1999. Ukame ulipozidi, serikali ikakodi jenereta za dharura za karibu megawati 100.

Hapa ndipo watu wengi hukosea hesabu. Injini kubwa ya dizeli kama zile za Kipevu hugeuza zaidi ya asilimia 40 ya joto la mafuta kuwa stima. Olkaria, ambayo tunaisifu, mvuke wake unatoka ardhini ukiwa na joto la chini ukilinganisha na la tanuri, na kinachogeuka stima ni kama sehemu moja kati ya nane. Kwa ufanisi mtupu dizeli inaipiga Olkaria zaidi ya mara tatu! Lakini mvuke haununuliwi kwa meli kutoka Ghuba. Ufanisi una uzito pale ambapo kila lita inalipiwa. Pale Olkaria pesa inaliwa mapema, kwenye kuchimba: kisima kimoja ni mamilioni ya dola, kinaweza kwenda chini kilomita 3, na kinaweza kutoka kitupu. Ndiyo maana mambo yalikwenda polepole. Mtambo wa kwanza ulikuwa wa megawati 15 tu, mwaka 1981, na kufikia 1985 vilikuwa vitatu vya jumla ya megawati 45. Vikakaa hivyo miaka mingi. Olkaria II ikaja 2003, na mwaka 2014 pekee zikaongezwa megawati 280. Leo mvuke hutoa karibu asilimia 40 ya stima yetu, mvua inyeshe isinyeshe. Vile vitatu vya kwanza vilifanya kazi zaidi ya miaka 30. Nionyesheni seva yenye umri huo.

Basi tumemaliza? Hapana. Mvuke una ubishi wake: haupendi kuwashwa na kuzimwa. Kisima kinataka kupumua vilevile usiku na mchana. Sisi Gatina hatuishi hivyo. Saa moja jioni kila chumba kina taa, runinga, na pasi ya mtu. Saa nane usiku ni mbwa tu walio macho. Mwaka 2025 matumizi ya nchi nzima jioni yalipita megawati 2,300, na usiku wa manane hushuka hadi kama nusu yake. Na upepo wa Loiyangalani, ambako mapanga 365 ya megawati 310 yaliunganishwa mwaka 2018 (yalikuwa tayari tangu 2017, yakingoja laini ya zaidi ya kilomita 400 hadi Suswa, na sisi tukilipia kungoja huko), hupenda kuvuma usiku. Matokeo yake kuna usiku ambapo mvuke wa Olkaria uliochimbwa kwa deni unaachiliwa hewani kwa sababu hakuna wa kuutumia. Jioni iliyofuata stima inapungua.

Wa kuziba pengo la jioni ni mitambo myepesi: maji, kama yapo, na dizeli. Lakini mwaka 2009 Masinga ilifungwa kwa kukosa maji. Na tarehe 7 Juni 2016 tumbili mmoja aliangukia transfoma ya Gitaru, zikapotea zaidi ya megawati 180 na nchi nzima ikaingia giza. Tumbili alipona. Mimi nilipoteza kazi ya asubuhi nzima.

Nikamrudia jirani. Nikamwambia yale mafuta ni ya ile saa moja jioni, anapochomelea geti huku watu wote wanapika. Dizeli siku hizi ni sehemu ndogo ya stima yote, ila bei ya mafuta yake inagawanywa kwa kila yuniti ya kila mtu, pamoja na ile ya saa nane usiku. Na wenye mitambo hulipwa pia kwa kuwa tayari tu, iwake isiwake, kama mlinzi wa zamu.

Akafikiri. "Kwa hiyo nikichomelea usiku wa manane ninasaidia nchi?"

Unasaidia, nikamwambia, lakini mita yako haijui saa. Viwanda vikubwa vimepewa bei nafuu ya usiku tangu mwisho wa 2017. Yeye analipa bei ileile, na akiwasha mashine saa nane mwenye nyumba atamfukuza.