Sura zisizo na majina: njia ya Jean Depara

Katika nyumba nyingi za Kasugho, Kivu, picha za zamani hukaa ndani ya sanduku, chini ya nguo: nyeusi na nyeupe, kingo zimejikunja, nyuma hakuna hata herufi moja. Anayetaka kujua picha za namna hiyo zilipigwaje hana budi kuifuata njia hadi Kinshasa, kwa mpiga picha Jean Depara.

Alizaliwa mwaka 1928 huko Kibokolo, Angola. Mwaka 1950 alinunua kamera ndogo aina ya Adox kwa ajili ya harusi yake, na mwaka uliofuata akahamia Léopoldville, Kinshasa ya leo. Alishona viatu, akatengeneza baiskeli, akauza vyuma chakavu, huku akipiga picha. Mwaka 1954 mwanamuziki Franco Luambo alimwita awe mpiga picha wake, na milango ya baa ikamfungukia.

Hapo ndipo kazi yake iliponoga. Picha za Congopresse, shirika la habari la koloni, zilitakiwa kuonyesha mema ya Ubelgiji. Depara hakuwa na bwana wa kumpendeza. Alipiga wanawake mezani na bia zao, vijana walioitwa Bills wakivaa kama makauboi wa sinema, wanaume wakitunisha misuli kwenye bwawa la kuogelea la La Funa. Kila mmoja amechagua mwenyewe asimame vipi. Kwangu mimi, huo ni ushahidi wa uhuru uliotangulia ule wa Congo wa Juni 1960.

Lakini ushahidi huhitaji pia maelezo. Mwaka 1968, vifaru vya Kisovieti vilipoingia Praha, Mcheki Josef Koudelka alipiga picha ya mkono wenye saa, na nyuma yake barabara tupu. Saa ile inasema ni wakati gani. Picha zetu zimekosa hata hiyo. Mwaka 2015 picha za Depara, aliyefariki mwaka 1997, zilionyeshwa Paris katika maonyesho ya Beauté Congo. Nyingi hazina kichwa wala majina ya waliomo. Wamebaki sura tu.

Huku kwetu Kivu vita vimewakimbiza watu mara nyingi, na sanduku si kila mara hubebwa. Lakini wazee wanaozitambua sura hizo bado tunao. Ndugu msomaji wa Kasugho, Butembo au Beni, chukua penseli, keti na bibi yako, uandike nyuma ya kila picha: jina, mahali, mwaka. Fanya hivyo wiki hii.