Nani Anahesabu Pesa za Kura?

Ndugu msikilizaji, na wewe unayeyasoma maneno haya gazetini, wiki hii tuzungumzie neno moja: takrima. Ni neno zuri, lenye asili ya Kiarabu, ndugu wa ukarimu na karama. Mgeni akibisha hodi hukaribishwa, akapewa kiti, maji na kile kilichopo jikoni. Huo ndio ungwana wetu, na hakuna mtu aliyepata kufikishwa mahakamani kwa kosa la kumlisha mgeni.

Lakini katika historia ya uchaguzi wa Tanzania neno hili lilipewa kazi nyingine. Likawa jina la pilau, kanga, kofia na noti zinazogawiwa na mgombea wakati wa kampeni, na kwa kipindi cha karibu miaka sita mambo hayo yakawa na kinga ya sheria. Kisa cha takrima ni sehemu ya kisa kirefu zaidi, cha taifa ambalo kwa zaidi ya nusu karne limekuwa likitafuta jibu la swali moja: pesa za siasa zihesabiwe na nani, na yule atakayezihesabu amwambie nani?

Tuanzie mbali kidogo. Katika uchaguzi wa mwaka 1965, wa kwanza chini ya mfumo wa chama kimoja, jibu lilikuwa rahisi. Kwa kawaida wagombea wawili walisimamishwa katika jimbo, mmoja akapewa alama ya jembe na mwingine alama ya nyumba. Mgombea hakuruhusiwa kujifanyia kampeni yake binafsi. Chama cha TANU ndicho kilichopanga mikutano, na wagombea wote wawili walipanda jukwaa moja, wakasikilizwa na watu wale wale. Tajiri hakuweza kuleta magari kumi wala bendi ya muziki. Matokeo yake vigogo walianguka. Waziri wa Fedha wa wakati huo, Paul Bomani, alikuwa miongoni mwa walioshindwa. Kisha mwaka 1967 likaja Azimio la Arusha, likamkataza kiongozi kuwa na hisa katika kampuni, kupokea mishahara miwili au zaidi, au kuwa na nyumba za kupangisha. Na kila mwanachama alikuwa amekwisha kuapa kwamba rushwa ni adui wa haki.

Je, turudi huko? Tusiwe wepesi wa kusahau. Wagombea wale wawili walipitishwa kwanza na vikao vya juu vya chama, na aliyekatwa jina hakuwa na pa kulalamikia. Kwa urais jina lilikuwa moja, na mwananchi alijibu Ndiyo au Hapana. Pesa ilifungiwa nje ya uchaguzi, lakini pamoja nayo ulifungiwa nje ushindani wenyewe. Dola ilikuwa na jicho kali sana, ila jicho hilo lilikuwa la chama kilichokuwa kikijihesabia mambo yake chenyewe.

Mlango ulifunguliwa mwanzoni mwa miaka ya 1990. Februari 1991 Halmashauri Kuu ya CCM ilikutana Zanzibar na kulegeza masharti ya uongozi: kiongozi sasa angeweza kuwa na hisa, mshahara zaidi ya mmoja na nyumba za kupangisha. Tume ya Jaji Mkuu Francis Nyalali ikapendekeza mfumo wa vyama vingi, na Julai 1992 mfumo huo ukaanza. Sheria ya Vyama vya Siasa ya mwaka huo ikaunda ofisi ya Msajili wa Vyama na kuvitaka vyama viweke hesabu zao vizuri.

Angalia jinsi mambo hayo mawili yalivyofuatana. Mwaka mmoja kiongozi aliruhusiwa kutajirika, na mwaka uliofuata aliruhusiwa kushindana. Mageuzi tuliyapata, na hakuna anayetaka kuyarudisha nyuma. Lakini kanuni za kuilinda kura dhidi ya mfuko wa mgombea zilikuja taratibu, zikichechemea nyuma ya pesa.

Mwaka 1995 ilitungwa Sheria ya Maadili ya Viongozi wa Umma, Namba 13. Kiongozi akatakiwa kujaza fomu ya mali na madeni yake na kuipeleka katika Sekretarieti ya Maadili. Rais Benjamin Mkapa alipoingia madarakani aliitangaza mali yake hadharani, na watu wengi walimpongeza. Lakini kutangaza hadharani ulikuwa uamuzi wake mwenyewe. Sheria ilitaka fomu ifike ofisini, na mwananchi aliyetaka kuiona alikutana na masharti kabla ya kufika kwenye jalada. Hapo ndipo mtindo wetu ulipojengeka: hesabu inatolewa, lakini inatolewa kwa ofisi. Mtindo huo tutakutana nao tena.

Sasa turudi kwenye takrima. Kosa la kuwalisha na kuwanywesha wapiga kura tulilirithi kutoka sheria za Waingereza. Ni Waingereza hao hao ambao wagombea wao walikuwa wakinunua kura kwa bia, mpaka Bunge lao likapitisha sheria ya kuzuia mwaka 1854, na mwaka 1883 likaweka kiwango cha juu cha pesa ambazo mgombea angeweza kutumia. Kwa hiyo anayesema kwamba kumshibisha mpiga kura ni mila ya Mwafrika ajue kwamba mila hiyo ilikuwapo London pia, na wenyewe waliiona kuwa ni ugonjwa.

Sisi mwaka 2000, miezi michache kabla ya Uchaguzi Mkuu, tulikwenda kinyume. Bunge lilirekebisha Sheria ya Uchaguzi na kuongeza vifungu vidogo viwili. Kimoja kilisema kwamba jambo lolote lililofanywa kwa nia njema kama ukarimu wa kawaida au wa jadi halitahesabiwa kuwa kosa. Cha pili kiliziondolea hatia gharama za kawaida za kampeni zilizotumiwa kwa nia njema. Nia njema! Nani mwenye mizani ya kupima nia ya mgombea anayepeleka ng'ombe wawili kwenye kijiji ambacho hakukanyaga kwa miaka mitano?

Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu pamoja na mashirika mengine mawili ya wanasheria walikwenda Mahakama Kuu mwaka 2005 kuvipinga vifungu hivyo. Wakati shauri likiwa bado halijaamuliwa, Uchaguzi Mkuu wa Desemba 2005 ukafanyika, takrima ikiwa bado halali. Hukumu ilitoka tarehe 24 Aprili 2006, mbele ya majaji watatu: Kimaro, Massati na Mihayo. Majaji walisema vifungu hivyo vinavunja Katiba, kwa sababu vinawabagua wagombea kwa uwezo wao wa fedha. Mwenye nacho anaweza kuonyesha ukarimu, na asiye nacho hana cha kuonyesha. Walisema pia kwamba ni vigumu kuitenganisha takrima na rushwa. Vifungu vikafutwa.

Hukumu ile ni miongoni mwa hukumu ambazo kila mpiga kura angepaswa kuzijua. Ilisema wazi kwamba pesa katika uchaguzi haimdhuru anayehongwa peke yake. Inamdhuru mwalimu, nesi au mkulima ambaye angeweza kuwa mbunge mzuri, lakini hathubutu hata kuchukua fomu, kwa kuwa anajua kwamba mkono mtupu haulambwi.

Lakini takrima ni pesa ndogo, pesa ya mwisho wa safari. Swali kubwa zaidi ni mahali safari inapoanzia. Tarehe 15 Septemba 2007, katika viwanja vya Mwembeyanga, Temeke, Dk. Willibrod Slaa alisoma hadharani orodha ya majina ya watu aliowatuhumu kwa ufisadi. Kati ya mambo yaliyokuwa yakivuma ni akaunti ya madeni ya nje katika Benki Kuu, iliyojulikana kwa herufi tatu: EPA. Januari 2008 Serikali ilitoa matokeo ya ukaguzi: katika mwaka wa fedha 2005/2006 kampuni 22 zililipwa isivyo halali shilingi bilioni 133, na Gavana akaondolewa. Kampuni moja, Kagoda, ilichota peke yake kiasi cha shilingi bilioni 40. Wapinzani walidai kwamba sehemu ya pesa hizo iligharimia kampeni za mwaka 2005. CCM ilikana. Ubishi huo ungeweza kumalizwa kwa daftari la mapato na matumizi ya kampeni ambalo kila mtu angeweza kulifungua na kusoma. Daftari la namna hiyo halikuwapo, ndiyo maana wengine walibaki na tuhuma na wengine wakabaki na kanusho.

Ndipo ikaja Sheria ya Gharama za Uchaguzi. Bunge liliipitisha mapema mwaka 2010, na tarehe 17 Machi mwaka huo Rais Jakaya Kikwete aliitia saini Ikulu mbele ya wageni walioalikwa. Kwa maandishi ilikuwa sheria nzito. Mgombea alitakiwa kueleza pesa alizo nazo na anazotarajia kupata. Waziri alipewa mamlaka ya kuweka viwango vya juu vya matumizi. Mchango unaozidi shilingi milioni moja kutoka kwa mtu, au milioni mbili kutoka kwa taasisi, ulitakiwa kutajwa. Zawadi na malipo ya kuwashawishi wapiga kura yalipigwa marufuku, na marufuku hiyo ikafika hadi kwenye kura za maoni ndani ya vyama, ambako kila anayefuatilia siasa zetu anajua ndiko mlungula unakotembea zaidi. Aliyekabidhiwa usimamizi ni Msajili wa Vyama vya Siasa.

Tulipiga hatua, na tuseme hivyo bila kinyongo. Lakini ule mtindo wa mwaka 1995 ukajirudia. Mgombea anakiambia chama, chama kinamwambia Msajili, na taarifa ya matumizi inakamilishwa baada ya kura kuhesabiwa na washindi kuapishwa. Mama anayeuza mchicha Tandale, ambaye kura yake ndiyo inayogombewa, ndiye wa mwisho kuambiwa, kama ataambiwa.

Na hata ofisi zenye kuambiwa hazikuambiwa kila mara. Oktoba 2013 Kamati ya Bunge ya Hesabu za Serikali, chini ya mwenyekiti wake Zitto Kabwe, ilieleza kwamba vyama tisa vilikuwa vimepokea ruzuku ya shilingi bilioni 67.7 katika miaka minne bila kuwa na hesabu zilizokaguliwa. Chama chake mwenyewe, CHADEMA, kilikuwamo katika orodha, pamoja na CCM. Kumbuka kwamba hiyo ni ruzuku, pesa ya kodi inayotoka Hazina kwa hundi, ambayo Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu alikuwa amepewa kazi ya kuikagua. Ikiwa pesa inayopita mlango wa mbele mchana kweupe ilikaa miaka minne bila kuhesabiwa, vipi ile inayopita uani usiku?

Kuna upande mwingine ambao haifai kuuficha. Msajili anateuliwa na Rais, ambaye kwa desturi yetu ndiye pia mwenyekiti wa chama tawala. Mwaka 2019 Sheria ya Vyama vya Siasa ilirekebishwa na kumwongezea Msajili mamlaka juu ya mambo ya ndani ya vyama. Viongozi wa upinzani walikwenda Mahakama ya Afrika Mashariki, na Machi 2022 Mahakama hiyo ikaamua kwamba baadhi ya vifungu vilikiuka Mkataba wa Jumuiya. Somo ni hili: jicho la dola linaweza kumlinda mgombea maskini, na jicho hilo hilo linaweza kumkodolea mpinzani peke yake. Mfanyabiashara anayetaka kukichangia chama cha upinzani anaogopa jina lake lisije likafika mahali pabaya, na hofu yake haikuanzia hewani.

Wapo wanaosema kwa sababu hiyo ni afadhali tuache. Jirani zetu wa Kenya walitunga sheria ya fedha za kampeni mwaka 2013. Uchaguzi wa 2017 ukapita bila kutekelezwa, na Tume ilipotangaza viwango mwaka 2021, Bunge likavikataa. Uchaguzi wa 2022 ukafanyika bila mipaka hiyo. Basi tusidhani kwamba ugumu huu ni wa kwetu peke yetu. Wabunge wa kila nchi hukwama pale wanapotakiwa kujifunga kamba wenyewe.

Hata hivyo kuacha si dawa. Katika vituo vyetu vya kupigia kura, hesabu zikimalizika, karatasi ya matokeo hubandikwa ukutani ili kila mtu asome: huyu kapata ngapi, yule kapata ngapi. Hatumwambii mwananchi kwamba matokeo yamo kwenye jalada ofisini. Tunajua kwamba kura zisizobandikwa huzaa fitina. Basi kwa nini pesa iliyozitafuta kura hizo isibandikwe pia? Na ibandikwe kabla ya siku ya kupiga kura, ikionyesha nani ametoa, kiasi gani, na kimetumika kwa nini. Ibandikwe kwa vyama vyote kwa kipimo kimoja, chini ya msimamizi ambaye hapati kazi yake kutoka kwa mmoja wa washindani. Hapo mwenye kuchangia upande wa pili atakuwa na kinga, kwa kuwa wa upande wa kwanza naye ataonekana.

Na sisi walalahoi tusijitoe. Ndugu msikilizaji, kanga ya mgombea huchuja rangi kabla ya mwaka kwisha, na pilau yake huisha jioni ile ile, lakini mbunge hukaa miaka mitano. Atakapokuja kukukirimu, pokea maneno yake kwa adabu, mpe kiti na maji kama mgeni, kisha muulize mbele ya watu: hii pesa, mheshimiwa, umepewa na nani, na yeye umemwahidi nini? Chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Mgombea mwenye jibu safi hatachukia kuulizwa.